Kuonja sake Japani kwa mara ya kwanza: hatua kwa hatua

Ukiingia baa ya Tokyo ukaagiza "sake", usishangae mhudumu akikuuliza ipi. Kwa Kijapani neno hilo ni pombe kwa jumla, bia ikiwemo, wiski ikiwemo. Kile ambacho sisi wageni tunakiita sake wenyewe hukiita nihonshu, yaani pombe ya Japani, na kwenye lebo hukaa jina lake la kisheria, seishu. Lishike neno nihonshu kabla ndege haijatua. Humu nitaendelea kuandika sake kwa kuwa ndilo tulilolizoea.

Nawaandikia watu ambao hawajawahi kuionja, au waliionja mara moja ikiwa ya moto sana kwenye mgahawa wa ng'ambo, ikawachoma koo, wakaapa hawarudii. Nimekaa mezani na watu wa namna hiyo mara kadhaa, na nimeona kinachowafungua. Ni vikombe vitatu vidogo vikiwa vimepangwa pamoja, na tofauti kati yake iwe moja tu, tena unayoijua. Ulimi ukipewa kitu kimoja peke yake hukwama. Ukipata cha kulinganisha nacho, huanza kusema. Hatua zote zinazofuata zinategemea jambo hilo.

Mawili yatangulie. Japani haruhusiwi kunywa pombe mtu ambaye hajatimiza miaka 20. Mwaka 2022 umri wa utu uzima ulishushwa hadi 18, lakini wa pombe ulibaki palepale, kwa hiyo tembea na pasipoti. Na kama hunywi, kwa sababu ya dini, dawa au ujauzito, usiikose ziara ya kiwandani kwa ajili hiyo. Kuna mengi ya kuona na kunusa, na kuna amazake, kinywaji kitamu kizito kama uji. Ila uliza kimetengenezwa kwa nini: cha koji hakina kilevi, cha machicha ya sake, yaani sakekasu, huwa na kilevi kidogo.

Hatua ya 1: Jua kilichomo kikombeni

Ni mchele, maji, koji na hamira. Hicho cha tatu ndicho kinachohitaji maelezo.

Aliyekulia Kilimanjaro anajua kwamba mbege haiwi mbege bila kimea cha ulezi, na aliyekulia magharibi mwa Kenya anajua busaa nayo inadai kimea cha wimbi. Sababu ni moja: hamira hula sukari, haili wanga, na nafaka ikioteshwa ndipo wanga wake unapoanza kugeuka sukari. Mchele wa sake umekobolewa, hauoti tena. Wajapani wakashika njia nyingine, ya ukungu. Mchele hupikwa kwa mvuke, hupozwa, hunyunyiziwa mbegu za ukungu ambao wanasayansi huuita Aspergillus oryzae, kisha hulazwa siku mbili hivi katika chumba chenye joto na unyevu. Ukitoka humo kila punje imevaa weupe kama pamba. Itafune: ni tamu, na ina harufu inayokaribia uyoga na njugu. Hiyo ndiyo koji. Kiwanda kikikuruhusu kuonja punje chache, usikatae, maana ladha hiyo utaikuta tena ndani ya kikombe.

Baada ya hapo koji, wali, maji na hamira hukutana katika pipa moja. Wanga unageuka sukari, na sukari papo hapo inageuka kilevi, kazi zote mbili zikienda kwa pamoja, polepole, kwenye baridi, kwa wiki tatu hadi tano. Ndiyo maana sake inaweza kufikia karibu asilimia 20 ya kilevi bila kukenekwa kama gongo. Kisha hukamuliwa, na nyingi huongezewa maji mpaka asilimia 15 au 16.

Pwani kwetu mgema akisifiwa tembo hulitia maji, na maneno hayo ni shutuma. Huku kutia maji ni kazi ya fundi mkuu, toji, na huifanya kwa kuonja na kupima, kwa sababu kuna harufu ambazo hufunguka ukali ukipungua. Isiyotiwa maji huitwa genshu. Ukiiona imeandikwa hivyo, kunywa nusu ya ulivyokusudia. Desemba 2024 UNESCO iliuingiza ujuzi huu wa kutengeneza pombe kwa koji katika orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika. Waliotunzwa pale ni mikono na pua za watu kama huyo toji.

Hatua ya 2: Soma lebo

Lebo ya sake hutisha, lakini maneno manne yanatosha kuanzia. Junmai maana yake ni mchele mtupu: hakuna kilevi kilichoongezwa. Honjozo ina kilevi kidogo kilichoongezwa kabla ya kukamua, kwa kiwango kilichowekwa na sheria, ili iwe nyepesi na harufu itoke vizuri. Ginjo imetengenezwa kwa mchele uliokobolewa ukabaki asilimia 60 au chini yake. Daiginjo, asilimia 50 au chini. Maneno huungana: junmai ginjo ni ginjo isiyoongezwa kilevi. Chupa isiyo na neno lolote kati ya hayo huwa ni futsushu, sake ya kawaida ya kila siku, na nyingi inayonywewa Japani ni hiyo.

Asilimia hiyo huandikwa kwenye lebo kwa jina la seimaibuai, na wageni wengi huigeuza. Ni kiasi kilichobaki, wala si kilichoondolewa. Ukiona 40, ujue zaidi ya nusu ya punje imesagwa ikatoka. Nje ya punje kuna mafuta na protini, katikati kuna kiini cheupe cha wanga, na fundi anakifuata kiini. Mchele tunaokula hukobolewa hadi kama asilimia 90 tu. Dassai, sake ya mkoa wa Yamaguchi inayojulikana duniani, ina chupa iitwayo 23, na jina hilo ni kiasi kilichobaki cha kila punje.

Hapa nina la kusema. Utaambiwa kwamba kadiri namba inavyopungua ndivyo sake inavyokuwa bora. Inakuwa ghali zaidi, hilo kweli, maana mchele mwingi umeondoka na mashine imezunguka siku nyingi. Inakuwa safi zaidi na yenye harufu ya matunda zaidi. Lakini ladha ya mchele wenyewe hupungua, na mimi mchele ndio nilioufuata. Anayeanza na daiginjo ya bei kubwa pekee huondoka Japani akidhani sake ni maji ya matunda yenye kilevi. Ionje, lakini ionje kando ya junmai nzito ya asilimia 70 au 80.

Maneno mengine utayakuta njiani. Nama ni sake mbichi isiyochemshwa, hai, ya kukaa kwenye friji. Itakukumbusha tembo la asubuhi. Nigori ni yenye mawingu, iliyochujwa kwa kitambaa cha matundu makubwa. Kimoto na yamahai ni njia za zamani za kuandaa kianzio cha hamira, bakteria wa maziwa wakiachwa wajitokeze wenyewe. Huwa na uchachu unaofanana na mtindi. Koshu ni iliyowekwa miaka. Na kuna namba ya nihonshudo: kuelekea jumlisha, sukari ni kidogo, kuelekea kutoa, sukari ni nyingi. Usiiamini peke yake, kwa kuwa uchachu ukiwa mwingi huficha utamu.

Hatua ya 3: Chagua mahali

Kama una siku moja tu na uko Kyoto, nenda Fushimi. Ni mwendo mfupi wa treni kutoka katikati ya jiji, na jina lake zamani liliandikwa kwa herufi zenye maana ya maji yaliyojificha, yaani ya chini ya ardhi. Maji hayo yanatoka hadi leo katika hekalu la Gokonomiya, na utaona wenyeji wakijaza chupa. Kampuni ya Gekkeikan, iliyoanzishwa 1637, ina jumba la makumbusho katika ghala lake la zamani, lenye mapipa, majembe ya mbao na meza ya kuonja mwishoni. Mitaa ni ya kutembea kwa miguu, na baa zenye sake za viwanda vingi vya hapo ziko karibu.

Ukiwa Osaka au Kobe, nenda Nada, ukanda wa vijiji vitano vya sake ulio kando ya bahari. Makumbusho ya Hakutsuru ni bure kuingia. Majengo mengi ya mbao ya Nada yalianguka katika tetemeko la Januari 1995, kwa hiyo baadhi ya unayoyaona yamejengwa upya.

Kisa cha Nada ndicho ninachowasimulia watu kabla hawajagusa kikombe. Karibu mwaka 1840, Yamamura Tazaemon, wa kiwanda cha Sakuramasamune, alikuwa akitengeneza sake sehemu mbili, Uozaki na Nishinomiya. Ya Nishinomiya ilitoka nzuri zaidi kila mwaka. Akatumia mchele uleule pande zote mbili, tofauti ikabaki. Akabadilishana mafundi; tofauti ikabaki. Mwishowe akabeba maji ya kisima cha Nishinomiya mpaka Uozaki, na sake ya Uozaki ikawa nzuri vilevile. Maji hayo yakaitwa miyamizu. Ni magumu kwa kiwango cha Japani, yana madini yanayolisha hamira, na chuma chake ni kidogo sana, jambo kubwa kwa sababu chuma huiharibu rangi na harufu ya sake. Angalia alichokifanya: alibadilisha kitu kimoja kwa wakati mmoja, vingine vyote akaviacha kama vilivyo. Mezani nawe utafanya hivyohivyo.

Wajapani husema sake ya Nada ni ya kiume na ya Fushimi ni ya kike, wakimaanisha maji magumu hutoa ukali ulionyooka na maji laini hutoa ulaini. Zionje zote mbili ndani ya siku mbili, useme mwenyewe.

Saijo, mjini Higashihiroshima, ni kama dakika 40 kwa treni kutoka Hiroshima. Ukishuka stesheni unaona dohani ndefu za matofali zenye majina ya viwanda, na vingi unavifikia kwa miguu. Maji ya Hiroshima ni laini mno, na mafundi wa Nada wasingeyataka. Miura Senzaburo aligundua namna ya kuyatumia, kwa koji iliyokomaa vizuri na uchachushaji wa baridi wa polepole, na mwaka 1898 akaichapisha njia yake ili wengine wajifunze. Aliigawa siri ambayo angeweza kuifungia kabatini, na mtindo wa ginjo tunaoufurahia leo una deni kwake. Mwezi Oktoba Saijo huwa na sikukuu kubwa ya sake. Hoteli hujaa mapema.

Niigata, upande wa theluji, inajulikana kwa sake nyepesi isiyo tamu. Kwenye stesheni ya Echigo-Yuzawa kuna Ponshukan, chumba chenye ukuta wa mashine za sake za mkoa mzima. Unanunua sarafu maalumu, unaweka kikombe, unabonyeza. Kwa mtu anayeona haya kuongea na mhudumu, ni mahali pazuri sana. Na asiye na muda wa kutoka Tokyo aende Japan Sake and Shochu Information Center, eneo la Nishi-Shimbashi, mahali pa kuonja sake za mikoa mbalimbali kwa bei ndogo.

Kuhusu msimu: sake nyingi hutengenezwa Oktoba hadi Machi. Wakati huo kiwanda kiko kazini, ndiyo, lakini huenda usiruhusiwe kuingia ndani. Ukipita mtaani tazama mlangoni kama kunaning'inia mpira mkubwa wa majani ya msugi, sugidama. Ukiwa wa kijani, sake mpya imekamuliwa. Unavyokauka kuwa kahawia ndivyo nayo inavyokomaa.

Hatua ya 4: Asubuhi ya siku yenyewe

Usile natto. Hizo ni soya zilizochacha, zenye utelezi, ambazo hoteli nyingi huziweka mezani asubuhi. Bakteria wa natto ni sugu na wana nguvu kuliko ukungu wa koji. Wakiingia kwenye chumba cha koji, kazi ya siku nyingi inaharibika. Niliwahi kufika kiwanda kidogo, mzee aliyetupokea akauliza kwa upole tumekula nini. Mwenzangu alikuwa ameila. Sote tukaonyeshwa kila kitu kupitia dirisha la kioo. Mzee aliinama mara tatu kutuomba radhi, ingawa kosa lilikuwa letu.

Usijipake manukato, udi wala mafuta yenye harufu kali. Hilo ni gumu kwa watu wa mwambao, najua, lakini chumba cha kuonja ni kidogo, na harufu yako itaingia kwenye vikombe vya watu wote. Acha pia sigara na pilipili kali asubuhi hiyo.

Kula kabla ya kwenda. Nenda kwa treni. Kiwango cha kilevi kinachoruhusiwa kwa dereva Japani ni kidogo mno, anayepanda gari huku akijua dereva amekunywa naye hushtakiwa, na tangu Novemba 2024 adhabu zimekazwa hata kwa waendesha baiskeli.

Hatua ya 5: Agiza vitatu

Neno la kusema ni nomikurabe, maana yake kunywa kwa kulinganisha. Baa nyingi za sake zina seti hiyo ya vikombe vitatu, mara nyingi vya mililita 30 hadi 60 kila kimoja. Vitatu vya 60 ni mililita 180, kipimo cha jadi kiitwacho go moja, na kilevi chake ni karibu sawa na bia ya nusu lita. Ladha laini ya sake huficha nguvu hiyo, basi hesabu.

Seti ya kwanza iwe ya kiwanda kimoja: junmai, junmai ginjo, junmai daiginjo. Maji ni yaleyale, fundi ni yuleyule, kilichobadilika hasa ni ukoboaji. Seti ya pili, ikiwezekana siku nyingine, iwe junmai tatu za mikoa tofauti, kwa mfano Niigata, Hiroshima na Hyogo, mkoa iliko Nada. Ya tatu iwe ya kuchezea: yamahai, nigori, koshu. Kama mhudumu ana seti zake zilizopangwa, mwambie "osusume wa nan desu ka", unapendekeza nini, kisha umwombe azipange kutoka nyepesi kwenda nzito. Koshu na nigori zikae mwisho, zikitangulia hufunika kila kitu.

Omba maji pia: "o-mizu kudasai". Maji ya kunywa kati ya mafunda yana jina lake, yawaragi-mizu, maji ya kulainisha. Kunywa angalau sawa na sake uliyokunywa. Kesho yake utanishukuru.

Hatua ya 6: Macho, pua, ulimi

Kwenye viwanda utapewa kikombe cheupe cha kauri chenye miviringo miwili ya buluu chini, kama jicho la nyoka. Weupe unaonyesha rangi, na ukingo wa buluu unaonyesha kama sake iko wazi au ina mawingu. Umanjano mdogo ni wa asili. Isiyo na rangi kabisa mara nyingi imepitishwa kwenye mkaa. Macho yamemaliza kazi, endelea.

Nusa kabla ya kutikisa, kwa pumzi fupi. Nusa vyote vitatu kwa mfululizo, kisha rudi cha kwanza. Utashangaa jinsi cha kwanza kilivyobadilika baada ya kupita kwenye cha tatu, na mabadiliko hayo ndiyo unayoyatafuta. Andika neno moja kwa kila kikombe, tena neno la jikoni kwako. Orodha za kitaalamu zina matunda ambayo wengi wetu hatukukua nayo. Ginjo inaweza kukupa ndizi mbivu, tufaha, tikiti, au shokishoki. Harufu ya ndizi hasa hutoka kwa hamira, na kemikali yake ni ileile iliyomo ndani ya ndizi. Junmai itakupa wali unapofunuliwa sufuria, ukoko, mtindi. Koshu itakupa sukari guru, tende, asali iliyoungua kidogo. Ukisikia ukoko, andika ukoko. Nilipomwambia fundi mmoja kwamba sake yake inanukia wali ulioshika chini ya sufuria, alicheka akasema wao nao wana jina la wali huo, okoge, na wanaupenda.

Sasa chukua funda dogo, kama kijiko cha chai. Lisambaze ulimini, vuta hewa kidogo mdomoni, kisha toa pumzi puani. Harufu ya pili, ile inayopanda kutoka kooni, mara nyingi ni tofauti na ya kwanza. Meza au tema. Kwenye meza ya kiwanda kutema ni jambo la kawaida, kwenye baa usifanye. Kisha nyamaza, uhesabu ladha inakaa muda gani. Kuna sake inayokatika ghafla kama uzi, na Wajapani huisifu hivyo: kire, mkato. Kuna inayobaki kama supu ya mifupa. Hakuna iliyo sahihi kati ya hizo. Andika ipi ilikufanya utake funda jingine.

Maneno mawili yatakufaa ukiulizwa: amakuchi ni ya utamu, karakuchi ni isiyo tamu. Karakuchi ni neno ambalo wanaume wengi baani hulitaja kwa mazoea tu, kwa hiyo usilichukulie kuwa alama ya ubora.

Hatua ya 7: Ileile, kwa joto tofauti

Hatua hii wageni huiruka, nami ningependa uitumie muda kuliko zote. Sake ndicho kinywaji ninachokijua ambacho watu wake wamezipa majina nyuzi zake za joto. Nyuzi 5 ni yukibie, baridi ya theluji. Nyuzi 10 ni hanabie, baridi ya maua. Nyuzi 35 ni hitohadakan, joto la ngozi ya mtu. Nyuzi 40 ni nurukan, vuguvugu. Nyuzi 50 ni atsukan, ya moto. Na kuna mtego: hiya, ingawa linasikika kama baridi, maana yake ya zamani ni isiyopashwa, yaani joto la chumbani. Ukitaka ya friji sema reishu.

Agiza junmai moja, au ya kimoto ukiipata, kwanza reishu kidogo, kisha chupa ndogo ya tokkuri: "nurukan de onegaishimasu". Zionje pamoja. Ile baridi itakuwa imejifunga, uchachu mbele, mchele nyuma. Ya vuguvugu utamu wake utafunguka, uchachu utajificha ndani, na harufu ya wali itakujia usoni. Ni chupa ileile. Acha tokkuri ipoe mezani na uendelee kuonja kila baada ya dakika chache. Mimi hapa ndipo nilipoielewa sake, baridi ya Februari, kwenye baa yenye viti sita.

Daiginjo usiipashe mara ya kwanza, harufu yake itapotea. Na sake iliyokuchoma koo ng'ambo, bila shaka ilipashwa kupita kiasi. Hotelini unaweza kujaribu mwenyewe: maji ya birika kwenye kikombe kikubwa, yapoe kidogo, kikombe cha sake kiwekwe ndani dakika mbili tatu.

Hatua ya 8: Kula na kushika adabu

Nyepesi na samaki mbichi, nzito na vya kuchoma na vya chumvi, nigori na vyenye pilipili. Inatosha kwa kuanzia. Onja mara moja koshu na jibini, basi.

Mezani hujimiminii. Unammiminia mwenzako, naye anakumiminia wewe. Shika tokkuri kwa mikono miwili. Ukimiminiwa inua kikombe, mkono mmoja ukikishika na mwingine chini yake. Subiri "kanpai" kabla ya funda la kwanza. Ukitosheka, acha kikombe kijae: kikiwa tupu ni ombi la kuongezwa, na kukataa kila mara kunamchosha mwenyeji wako.

Ukiletewa glasi ndani ya kisanduku cha mbao, mhudumu ataimimina mpaka imwagikie kisandukuni. Ni ukarimu. Inama unywe funda la kwanza bila kuinua glasi, kisha iinue, ifute chini, na baadaye mimina ya kisandukuni ndani ya glasi.

Hatua ya 9: Chupa ya kurudi nayo

Nunua ile uliyoiandikia neno zuri zaidi kwenye daftari, katika chupa ya mililita 720. Ile ya lita 1.8 ni mzigo. Nama usiinunue kama safari yako ni ya saa 20 na zaidi, haivumilii joto. Sake iko chini ya asilimia 24 ya kilevi, kwa hiyo shirika la ndege hukubali ikae kwenye begi la kupakia, izungushie nguo. Unayeunganisha ndege njiani, kumbuka kwamba chupa ya mkononi inaweza kuchukuliwa kwenye ukaguzi wa pili, hata kama uliinunua uwanja wa ndege. Na kama unaendelea Saudia au Kuwait, usibebe kabisa, hairuhusiwi kuingia. Ukirudi nyumbani, uliza forodha kiasi kisichotozwa ushuru.

Iweke wima, gizani, penye ubaridi. Jua huiharibu ndani ya siku chache. Ikifunguliwa iingie friji, na uimalize ndani ya wiki moja au mbili. Kinachobaki chini ya chupa mimi humwagia samaki: vijiko viwili juu ya changu aliyetiwa chumvi, akae robo saa, afutwe maji, ndipo apande jikoni. Shombo yote huondoka.